Mpisheni Nyanya

Gari la maiti lilifika mbele ya matairi yanayowaka, na dereva wake, Mwandawiro, akazima injini bila kuambiwa. Siku hiyo hapiti mtu. Vijana wa Voi walikuwa wameifunga barabara ya Mwatate tangu alfajiri kwa mawe na magogo, na tayari walikuwa wamerudisha lori la vitunguu, mheshimiwa mmoja na walinzi wake, na hata msafara wa harusi wenye baluni.

"Nchi inaungua, nyinyi mnataka kula keki?" Geoffrey aliwauliza wale wa harusi, wakageuza bila ubishi. Geoffrey ndiye aliyekuwa kiongozi hapo, kijana mwenye digrii ya ualimu na kazi ya bodaboda. Sauti ilikuwa imemkauka kwa kupiga kelele. Alikuwa na hasira, na sababu alikuwa nazo tele.

Lakini maiti ni maiti. Alivua kofia.

"Poleni, mama. Nani ametuacha?"

Kando ya jeneza walikaa wanawake wawili. Tryphena, mama mnene asiyejua kunong'ona, ndiye aliyejibu.

"Nyanya, mwanangu. Miaka tisini na ushee. Na kasisi ametuambia saa saba ikigonga anaenda Njukini, ana ibada huko. Tukimkosa, basi tena!"

"Hamwezi kungoja kesho?"

"Kesho Donald anarudi Qatar," akasema yule wa pili. Huyu alikuwa Everlyne, mpwa wake Tryphena. "Kampuni ilimpa wiki moja peke yake. Akienda ni miaka miwili, kaka. Miaka miwili!"

"Na baba yake Everlyne naye amekwama Maungu," Tryphena akaongeza. "Yaani leo ni balaa juu ya balaa."

Everlyne akaanza kulia. Alilia kweli kweli, ila kwa adabu, akigusagusa chini ya macho kwa ncha ya leso. Kichwa alikuwa amekifunga kitambaa hadi kwenye nyusi. Alijifunga leso mbili kiunoni na kuvaa sweta nzito, jasho likimtiririka.

"Dada, sweta na jua hili la Voi?" Geoffrey akashangaa.

"Msiba una baridi yake," Tryphena akamjibu haraka.

Geoffrey alitazama moto, akatazama jeneza. Gari lisingeweza kupita hapo hata kwa dawa. Lakini upande wa pili kulikuwa na pikapu iliyokwama ikitoka Mwatate, na dereva wake alikuwa ameketi kivulini akila ndizi.

"Gari halipiti," akasema, "ila nyanya atapita."

Vijana sita, Geoffrey mmoja wao, wakaingiza mabega. Walipanda juu ya mawe, wakakwepa moshi, na muda wote Tryphena alikuwa nyuma yao akipiga kelele.

"Taratibu! Lisilale upande! Wewe mfupi, inua huko!"

"Mama, tumemshika."

"Mbona mwepesi hivi?" akauliza yule mfupi.

"Alikuwa hali, maskini."

"Na ananukia vizuri!"

"Alipenda manukato tangu usichana wake. Tembea!"

Walikuwa hawajafika kwenye pikapu. Polisi walikuwa wamejipanga ng'ambo ile, na walipoona umati unakuja na jeneza mabegani wakadhani mambo yameharibika. Bunduki za vitoza machozi zikainuliwa. Everlyne akafumba macho.

Tryphena akawapita wabebaji, akaenda kusimama mbele ya inspekta, mikono kiunoni.

"Haya, piga! Mnataka kumuua mara ya pili?"

Inspekta alimtazama, akalitazama jeneza, akawatazama wale vijana aliokuwa akikimbizana nao tangu asubuhi, sasa wamesimama kimya kama watoto wa shule ya Jumapili. Akavua kofia.

"Mpisheni nyanya," akaamuru.

Basi wakaondoka, gari la polisi mbele likipiga king'ora, pikapu katikati, bodaboda nyuma. Kwani nani angerudi mjini kuchoma matairi na mazishi yamempita? Geoffrey alianzisha wimbo wa kanisani aliofundishwa na nyanya yake mwenyewe, na kwenye mashamba ya mkonge hata polisi walikuwa wakiitikia. Ajabu ni kwamba hasira ilimtoka njiani. Ilikuwa miezi tangu aimbe na watu, na alisikia raha, akajionea haya kusikia raha msibani.

Walifika kasisi akiwa na mkoba mkononi, mguu mmoja ndani ya gari. Everlyne alimkimbilia, akamshika joho.

"Bado dakika tano, baba! Dakika tano!"

Kasisi akarudi ndani. Vijana wakalishusha jeneza, wakaliingiza kanisani kwa hatua za pole, inspekta nyuma yao na kofia kifuani. Watu wakageuka, wakabaki vinywa wazi. Donald alikuwa mbele kabisa, amevaa suti, amejishika kichwa.

Everlyne alimpa shangazi yake sweta. Akafungua kitambaa, akafungua leso ya kwanza, akafungua ya pili, na gauni jeupe likamwagika hadi sakafuni.

"Wanangu," Tryphena akawanong'oneza wabebaji, na kanisa zima likamsikia, "hiyo keki wekeni pale mezani. Polepole."

Hakuna aliyesogea. Kasisi akatazama saa, akafungua kitabu, akauliza ni nani anayemtoa binti huyu aolewe na mwanamume huyu.

Geoffrey, bega likiwa bado chini ya jeneza, akasafisha koo.

"Ni sisi."