Ndengu Zilizopotelea Darajani

"Mama, ndengu zako zimepotelea darajani," alisema karani wa mnunuzi, macho kwenye simu.

Kaveke aliruka. Daraja gani tena, na magunia alikuwa ameyakalia hapa hapa sokoni Zombe?

"Si daraja la mto. Ni la kuunganisha blockchain mbili, zile daftari za mtandaoni zinazoonyesha mali ni ya nani. Kwa ile ya chama chenu cha wakulima zimeshatoka, kwa yetu hazijafika. Siwezi kupakia wakati kwenye simu hakuna kitu."

"Hakuna?"

Kaveke akainama, akakata uzi wa gunia kwa meno, akalisukuma kwa nguvu zote. Ndengu zikamwagika shwaa, zikafunika viatu vya karani.

Karani akaigusa simu tena, akangoja.

"Bado hakuna kitu, mama," akasema, huku akikung'uta ndengu zilizoingia kwenye soksi.