Homa ya Nakijwa

Siku hizi hospitali ikipambazukiwa bila mgonjwa hujifunga yenyewe, na haifunguliwi tena. Jicho la mashine lililo darini halidanganyiki: ukijilaza mzima, halikuhesabu kuwa mgonjwa.

Hii yetu ya Upareni mababu waliijenga kwa msaragambo, kila kaya ikibeba mawe kichwani.

Jana jioni homa ya binti yangu Nakijwa, mgonjwa pekee aliyebaki, ilishuka. Akaomba makande. Nikapiga vigelegele peke yangu. Majirani waliokuja kumjulia hali waliinamisha vichwa.

Mmoja wao, Naetwe, alishika tumbo lake kubwa. "Mama Nakijwa," alisema taratibu, "mimi najifungua mwezi ujao."

Muuguzi alifungua dirisha la juu ya kitanda, upepo baridi wa mlimani ukaingia.

Nikamvua mwanangu sweta.