Vidole Chini ya Mlango

Gauni la sare ya harusi lilimnasa Saumu katikati ya kulivaa. Kichwa kilikuwa bado ndani, mikono imekwama kifuani, haipandi wala haishuki. Vidole tu ndivyo vilivyochomoza nje.

"Wenzako wote wamekwishatangulia!" Bi Shufaa, mavyaa wake, alikuwa mlangoni. "Fungua!"

"Siwezi, mama."

"Huwezi au hutaki?"

Komeo Saumu alilitia mwenyewe, asionekane akihangaika na nguo. Daktari alisema ni maradhi mawili yaliyoungana: moja linakaza ngozi, jingine linakula misuli. Mumewe tu ndiye aliyejua. Bi Shufaa alichojua ni kwamba mkaza mwana wake ameacha kumpa mkono asubuhi na kumbusu kiganja, na mtaa mzima alishautangazia: kiburi.

"Hata leo, Saumu? Hata leo unaniona takataka?"

Saumu aliuegemea ukuta akateleza hadi sakafuni, akijua kuwa akishuka hatainuka mwenyewe. Akajiburura, akavisukuma vidole kwenye upenyo chini ya mlango. Vilikuwa vimepauka na kukakamaa, baridi kama vya maiti.

"Shikamoo, mama," alisema kutoka ndani ya kitambaa.

Nje, magoti yakagusa sakafu, na kitu cha moto kikapita juu ya vidole vyake: pumzi, taratibu, tena na tena, kama ya mtu anayepuliza mkaa uliokataa kushika.