Picha Isiyokatwa

"Leo huyo mwanamke akimbie kweli," alisema Mahfoudh. "Jana alikuwa kama anaenda sokoni."

"Leo atakimbia, mzee," Farhan alimjibu, akifuta lenzi ya kamera.

Kwa miaka tisa Farhan alikuwa akipiga video za muziki Dar es Salaam: magari ya kukodi, wasichana wakicheza kando ya bwawa, kila sekunde mbili picha imekatwa. Hii ilikuwa filamu yake ya kwanza ya hadithi, habari za mke aliyefungiwa ndani na mumewe. Nyumba ya Mahfoudh, hapa Bagamoyo mjini, ilimfaa kuliko zote alizoziona: kuta nene, nondo kila dirisha. Mwenyewe aliitoa bure, ila kwa masharti. Geti litafungwa kwa kufuli, na ufunguo atakaa nao yeye. Na mkewe, Ahlam, asionekane na mwanamume yeyote wala na kamera.

Siku ya sita sasa Farhan na kikundi chake walikuwa humo. Aliyetaka kutoka, hata kununua vocha, alimwomba Mahfoudh ruhusa. Asubuhi mzee aliweka kiti chake kando ya kamera na habanduki mpaka jioni, akiuliza mbona hakuna nyimbo, mbona hakuna wachezaji. Farhan alianza kujiona naye kafungiwa. Ahlam walimjua kwa sauti tu, ile "Abee" yake kutoka jikoni kila mumewe alipoita.

Wahida peke yake, mwigizaji mkuu, ndiye aliyeruhusiwa kuingia kwa Ahlam kubadili nguo. Mwanzoni alichukua dakika tano. Siku ya tatu alikaa saa nzima, akatoka macho mekundu, akamvuta Farhan pembeni.

Kesho yake Farhan akaiandika upya sehemu ya mwisho. Kule kutoroka, alikokuwa amekupanga kwa vipande ishirini, sasa kungepigwa kwa picha moja isiyokatwa: mke anatoka ndani kwa buibui, uso kaufunika, anakatiza ua, anapita getini, anapanda teksi, anakwenda zake.

"Na uso kaufunika kwa nini?" Mahfoudh aliuliza.

"Mke wa mtu huyo, mzee. Atatokaje uso wazi?"

Mahfoudh akaitikia kwa kichwa, ameridhika. "Hapo umesema."

Walifanya majaribio mawili. Mara zote mbili Wahida alikimbia, akapanda teksi, teksi ikazunguka mtaa na kumrudisha. Kisha akaingia ndani kujiweka sawa kwa picha yenyewe.

"Jamani, kimya," Farhan alisema. "Asisogee mtu mpaka niseme kata."

Mahfoudh mwenyewe akaenda kufungua kufuli, akarudi kitini.

"Haya!"

Mlango ukafunguka. Mwanamke wa buibui akatokeza kizingitini, amekumbatia kifurushi. Akasimama. Akasimama muda mrefu kuliko walivyopanga. *Njoo*, Farhan alisema moyoni. *Njoo, dada yangu, usirudi nyuma.*

"Tazama mikono inavyotetemeka," Mahfoudh alinong'ona. "Huyu anajua kuigiza."

Mwanamke akatoka mbio. Pale penye kamera njia ilikuwa nyembamba. Mahfoudh akakunja miguu ampishe. Buibui likamgusa goti. Akapita getini, mlango wa teksi ukabamizwa, gari likakata kona kuishika barabara ya Msata. Farhan hakusema kata. Mlio wa gari ukafifia, ukapotea kabisa, na bado hakusema.

Mahfoudh alikuwa anapiga makofi. "Safi! Safi sana! Mwiteni arudi, nimpongeze."

"Bado, mzee," Farhan alisema, jicho halibanduki kwenye kamera. "Bado napiga."

Ndani, Wahida alizidi kuyagonganisha masufuria, ili mwenye nyumba asikie kwamba mkewe yupo jikoni.