Ngazi ya Vidato Vitano

Ngazi ya maonyesho ya duka la mbao ilikuwa na vidato vitano tu, na cha tano kiligota ukutani. Mshonaji alikuwa amepiga magoti mbele yake, mkoba begani, akishikiza kipande cha ubao wa sakafu ubavuni mwa kidato cha chini.

"Bado rangi zinagombana," alisema.

"Hazigombani, zinanuniana," fundi akamjibu. "Ubao wako wa sakafu una wekundu kwa ndani, huu wa ngazi una manjano. Ukifuata rangi ya juu juu utapaka mpaka uchoke. Fuata ile ya ndani."

Akachagua kipande kingine rafuni, akatangulia nacho mlangoni penye jua, maana taa za duka, alisema, zina uongo wake. Pale mwangani ule ubao ukawa mwingine kabisa.

"Sasa je?"

"Sasa zinasalimiana."

Wakacheka. Mshonaji alikuwa hajasikia kicheko chake mwenyewe tangu Jumamosi iliyopita.

Nyumba waliyokuwa wakiipamba haikuwapo. Mshonaji alipanga chumba kimoja nyuma ya duka la viatu, na ngazi pekee aliyokuwa nayo ni kizingiti cha mlango. Kutwa alishona sare za shule. Wateja walimwambia "fupisha", walimwambia "panua", walimuuliza "lini?", basi, wakaenda zao. Mama yake alipokuwa hai, walau palikuwa na wa kumgombeza. Siku hizi cherehani ndiyo iliyosema, naye akaitikia kwa mguu.

Mvua ndiyo iliyomwingiza dukani mara ya kwanza. Alikuwa amesimama karibu na ngazi ya maonyesho, akikung'uta kanga, mtu mmoja aliyekuwa akipapasa mkono wa ngazi akamgeukia.

"Na kwako, dada, sakafu ni ya mbao gani?"

Aliuliza kama anayetaka kujua kweli. Mshonaji aliona vibaya kumrudisha mikono mitupu.

"Mtiki, fundi," akasema.

Uongo hauzai mtoto mmoja. Sakafu ikataka ngazi, ngazi ikataka ghorofa, ghorofa ikataka mtu wa kushuka asubuhi. Mshonaji akampata: mume mzito wa miguu, asiyependa vanishi inayong'aa kwa kuogopa kuteleza. Fundi hakucheka. Alimfikiria yule mume kwa dhati, kidevu mkononi.

"Basi mng'ao uwe mmoja, sakafuni na ngazini, na uwe hafifu," alisema. "Na zile mbao za kusimama, kati ya kidato na kidato, tuzipake nyeupe, mzee aone anapokanyaga. Mimi kwangu ningefanya hivyo hivyo."

Hakuwa mtu wa haraka. Wauzaji wenye aproni za kijani walimganda mteja mpaka atoe pochi. Huyu hakuvaa aproni, wala hakutaja bei hata siku moja. Mshonaji akakata shauri kwamba ndiye mkubwa wao. Na hilo ndilo lililomchoma kila akirudi chumbani: mtu mzima na shughuli zake, Jumamosi baada ya Jumamosi, anahangaikia nyumba iliyojengwa hewani.

Walikuwa wamerudi kwenye ngazi, wakibishana kama mkono wake uwe mweusi zaidi ya vidato au la, binti mmoja wa aproni alipowajia na kalamu sikioni.

"Naona leo mmefika pazuri," alisema. "Gari letu la vipimo linazunguka kesho kutwa. Nikuandike, mama? Nyumba iko mtaa gani?"

Mshonaji akaliona akilini gari lile limesimama mbele ya duka la viatu, vijana wawili wakishuka na utepe wa kupimia, wakiuliza ghorofa iko wapi. Akamtazama fundi. Fundi alikuwa akitazama viatu vyake mwenyewe.

"Bado... bado tunafikiria."

"Hamna neno. Mkiwa tayari mniite."

Binti akaenda. Mshonaji angeweza kuaga na asirudi tena. Lakini wiki isiyo na Jumamosi angeipitishaje? Na aibu ya kujivua mwenyewe ni nafuu kuliko ya kuvuliwa na watu.

"Fundi."

"Naam, dada."

"Sina mume. Sina mtiki wala mvule. Nakaa chumba kimoja cha kupanga, chini, sakafu ya saruji." Alikuwa akikiambia kile kipande cha ubao, si mtu. "Siku ile nilikuja kujikinga na mvua. Ukaniuliza swali, na mimi nilikuwa na siku nyingi sijaulizwa kitu. Nikaona utamu, nikaendelea. Najua nimekuharibia kazi. Ukinifukuza sitakulaumu."

Fundi aliketi kwenye kidato cha pili, taratibu, akajifuta uso kwa kiganja. Mshonaji akaanza kuutafuta mlango kwa macho.

Kisha fundi akajisogeza, akamwachia nafasi ubavuni pake.

"Nikufukuze kama nani, dada?" alisema. "Mimi mwenyewe sifanyi kazi hapa."