Mnara wa Mtaa Wetu

Mtaa mzima ulitaka simu, lakini hakuna aliyetaka mnara karibu na nyumba yake. Basi, kama ilivyo sheria siku hizi, mnara ulipandikizwa kifuani mwa mkazi mzee kuliko wote, yaani mimi. Tangu hapo jirani yangu Mwanahawa huniletea uji kila asubuhi.

Leo binti yangu Riziki amejifungua huko Korogwe. Nikafunga kanga zangu niende nikamkande kwa maji ya moto, kama mama alivyonikanda mimi. Nikakuta mlango umefungwa kwa nje.

Nikagonga.

"Bibi, ukiondoka sisi tutaongeaje?" Mwanahawa aliniambia dirishani, kwa upole. "Uji wa leo nimeutia maziwa."

Simu ikaita.

"Mama," Riziki akasema, "nakusikia vizuri, kama uko hapa."