Mkono Siniani

Mlinganyo uliompa Profesa Madenge jina ulianzia kwenye sinia. Alipima chakula cha nyumba nyingi za mji alikozaliwa, akakigawa sawasawa kwa idadi ya walaji, kisha akawapima uzito. Wanawake walikuwa wembamba mno kwa chakula kile, hivyo hesabu ikatoa jibu: miili yao haishiki chakula, na kuwaongezea ni kukitupa. Wakubwa serikalini walifurahi, wakafuta mgao wa unga wa kina mama. Yeye akavishwa nishani.

Mchana mmoja akaja kumwonyesha mama yake nishani hiyo. Waliketi mkekani pamoja na watoto wa dada yake, sinia la wali na samaki katikati. Hapo ndipo Profesa alipoutazama mkono wa mama. Ulikwenda siniani, ukafinyanga tonge, ukaliacha upande wa mtoto, ukarudi mdomoni mtupu. Mama alilamba vidole, akatafuna taratibu.

"Mama, mbona huli?"

"Nakula, baba. Si unaona mkono unakwenda?"

"Tangu lini unakula hivyo?"

"Tangu niolewe." Mama akacheka. "Unadhani wewe ulinenepaje?"

"Nilipokuja na mizani ungeniambia!"

"Uliuliza tuko wangapi kwenye sinia. Nikakujibu."

Profesa akasukuma mnofu wa samaki upande wa mama. Mkono ukaja, ukauchambua miiba, ukaurudisha mbele ya mwanawe. Kabla hajajitambua, alikuwa anatafuna.